Mbunge wa jimbo Marekani ni nani?

Neno lenyewe linatuchanganya. Mtanzania akisikia "mbunge wa jimbo" anamfikiria mtu aliyepigiwa kura Ubungo au Nzega, tofauti na yule wa viti maalumu. Kwenye habari za Marekani, jimbo ni kitu kikubwa zaidi: ni Georgia nzima au Texas nzima, yenye katiba yake, gavana wake, mahakama zake na bunge lake. Mbunge wa jimbo anafanya kazi katika bunge hilo, kwenye makao makuu ya jimbo. Wanaokwenda Washington ni wabunge wa Kongresi, na hao ni watu wengine.

Mzanzibari ataelewa haraka kuliko sisi wengine. Yeye anamchagua mwakilishi wa kwenda Chukwani, kwenye bunge la Zanzibar, na mbunge wa kwenda Dodoma, kwenye bunge la Tanzania, na anajua kila mmoja ana meza yake.

Majimbo yako 50, na yote isipokuwa Nebraska yana mabaraza mawili, la chini na Seneti. Wabunge hawa kwa jumla wanazidi 7,000. Kazi yao si ndogo. Marekebisho ya 10 ya Katiba ya Marekani yanasema mamlaka ambayo serikali kuu haikukabidhiwa, wala majimbo hayakukatazwa, yanabaki kwa majimbo au kwa wananchi. Kwa hiyo shule, magereza, ndoa, leseni za udereva na sehemu kubwa ya sheria za jinai, pamoja na kama jimbo litakuwa na adhabu ya kifo, huamuliwa huko. Hata mipaka ya wilaya za uchaguzi za Kongresi, katika majimbo mengi huchorwa na wabunge hawa.

Ajabu ni malipo. New Hampshire ina wabunge 400 katika baraza la chini, na kila mmoja hulipwa dola 100 kwa mwaka, kiwango kilichowekwa mwaka 1889. Texas hulipa dola 7,200 kwa mwaka, na bunge lake hufanya kikao cha kawaida mara moja kila miaka miwili, kwa siku zisizozidi 140. California ni mojawapo ya majimbo machache yanayolipa mshahara ambao mtu anaweza kuutegemea. Kwingi, basi, mbunge ana kazi nyingine: ni wakili, mkulima, mwenye duka, au mstaafu. Mimi naona hili ni jambo zito, kwa sababu mtu wa kibarua hawezi kuacha kazi miezi mitatu akaenda kukaa bungeni.

Lakini ukitaka kujua bunge la jimbo lina nguvu kiasi gani, tazama maisha ya Julian Bond wa Georgia.

Bond alizaliwa mwaka 1940 Nashville, Tennessee. Akiwa mwanafunzi wa chuo cha Morehouse, Atlanta, aliingia kwenye harakati za haki za Weusi, akawa msemaji wa SNCC, kamati ya wanafunzi waliokuwa wakipinga ubaguzi kwa njia ya amani. Mwaka 1965, baada ya mahakama kulazimisha wilaya za uchaguzi zigawanywe upya kwa haki, akagombea ubunge wa jimbo akashinda. Weusi wanane waliingia baraza la chini mwaka ule. Tangu mwaka 1907 hapakuwa na Mweusi hata mmoja katika baraza hilo.

Siku chache kabla ya kiapo, SNCC ikatoa tamko la kupinga vita vya Vietnam. Bond akaulizwa na mwandishi wa habari kama analiunga mkono. Akajibu ndiyo.

Tarehe 10 Januari 1966 wabunge wapya wakasimama kuapa. Bond alitakiwa akae kando. Hakukataa kiapo, alikuwa tayari kuapa kwamba ataiheshimu Katiba ya Marekani na ya Georgia, maneno yaleyale waliyoyatamka wenzake mbele ya macho yake. Baadaye siku hiyohiyo baraza likapiga kura: 184 wasimkubali, 12 wamkubali. Kijana wa miaka 25, aliyechaguliwa na watu wake kihalali, akatoka bila kiti.

Ukaitishwa uchaguzi wa kujaza nafasi yake. Akagombea tena, akashinda tena, na bado wakamkatalia. Novemba akashinda mara ya tatu. Kesi ilifika Mahakama ya Juu ya Marekani, na tarehe 5 Desemba 1966 majaji wote tisa wakakubaliana kwamba bunge la Georgia limevunja uhuru wake wa kusema. Mbunge, walisema, ana haki ya kutoa maoni yake juu ya sera za nchi kama mwananchi mwingine, tena wajibu wake unamtaka aseme. Januari 1967 Bond akaapishwa.

Alikaa baraza la chini hadi mwaka 1975, kisha akahamia Seneti ya Georgia mpaka 1987. Watu wengi wanamkumbuka kwa mkutano wa chama cha Democratic wa mwaka 1968, alipotajwa kuwania umakamu wa rais akajitoa kwa kuwa alikuwa na miaka 28, na Katiba inataka 35. Mimi naona kazi yake kubwa ilikuwa ya miaka ya mwanzo ya 1980, kazi isiyo na kamera: kupigania ramani ya wilaya ya 5 ya Kongresi, ili wapigakura Weusi wa Atlanta wasikatwekatwe vipande na sauti yao ikapotea. Ramani iliyopita mwaka 1982 iliwapa wingi katika wilaya hiyo.

Mwaka 1986 hakutetea tena kiti chake cha Seneti, akagombea ubunge wa Kongresi katika wilaya hiyohiyo. Mpinzani wake alikuwa John Lewis, rafiki yake wa tangu SNCC. Bond aliongoza duru ya kwanza ya kura za mchujo za chama cha Democratic. Duru ya pili Lewis akamshinda kwa tofauti ndogo. Lewis alikishikilia kiti hicho hadi alipofariki mwaka 2020. Bond akaenda kufundisha vyuoni, akaongoza bodi ya NAACP, chama cha kutetea haki za Weusi, kuanzia 1998 hadi 2010, na hakurudi tena bungeni. Alifariki Agosti 2015.