Yuko Marekani, tena hapokei simu

Pale Mwaloni Kirumba, soko la samaki la Mwanza, dagaa na kayabo (sangara wa kukaushwa kwa chumvi) nyingi huishia Burundi na Kongo, kwa hiyo habari za ndugu waliotoka kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu kule Kigoma wakapelekwa Marekani hazikosekani. Hufika zimetiwa chumvi.

"Walichagua nchi wenyewe." Hakuna kuchagua. UNHCR, shirika la Umoja wa Mataifa la wakimbizi, hupendekeza majina. Nchi inayopokea ndiyo inayohoji, inapima afya na kuamua. Duniani kote, wanaopata nafasi ya kuhamishiwa nchi nyingine hivyo kwa mwaka hawafiki asilimia 1 ya wakimbizi. Januari 2025 Marekani iliposimamisha mpango wake wa kupokea wakimbizi, hata waliokwishapangiwa ndege walikwama.

"Tiketi ni ya bure." Ni mkopo kupitia IOM, shirika la kimataifa la uhamiaji. Hauna riba, lakini miezi sita baada ya kufika familia inaanza kuulipa.

"Serikali inawalisha." Msaada wa kupokelewa, yaani nyumba ya kuanzia, vyombo na hela kidogo, ni wa siku 30 hadi 90. Baada ya hapo ni kodi, bili ya umeme na nauli, kama mpangaji yeyote wa Igoma, ila kwa dola. Aliyekuwa mwalimu anajikuta ghalani anapanga maboksi, maana vyeti vyake havitambuliki. Barua za shule anasomewa na mtoto wa darasa la nne, na mtoto naye hujua cha kuruka! Hata dagaa zina masharti: ukizikaanga bila kufungua dirisha, king'ora cha moshi kinalia na majirani wanatoka nje.

"Ameringa, hapokei simu." Hili ndilo linaloniudhi zaidi. Wewe umeshafunga biashara, umekula, unampigia saa mbili usiku. Akiwa jimbo la Iowa, kwake ni saa tano asubuhi au saa sita mchana, kutegemea majira. Yuko kiwandani anakata nyama, simu ameiacha kwenye kabati. Akitoka saa kumi jioni, Mwanza ni usiku wa manane, naye anaogopa kukuamsha. Basi anatuma ujumbe wa sauti, na wewe unalalamika kwamba siku hizi anaongea kwa mkato. Mpigie Jumapili.

"Akishafika ni raia." Huomba ukaazi wa kudumu baada ya mwaka mmoja, na uraia kwa kawaida baada ya miaka mitano. Kabla ya hapo husafiri kwa hati ya wakimbizi, na visa ya kuja Tanzania bado aiombe. Kwa hiyo harusi ya Buhongwa mwezi ujao msimsubiri ukumbini. Mchango atatuma.