Je, wajua Wambuti walimjua okapi kabla ya wanasayansi? Waliwezaje?

Okapi ni yule mnyama mwenye mapaja ya mistari kama punda milia na ulimi mrefu ajabu, na porini anapatikana Kongo (DRC) tu, hasa msitu wa Ituri. Sayansi ya Ulaya ilimtambua mwaka 1901. Wambuti, watu wa msitu huohuo, walikuwa wanamtega kwa mashimo tangu enzi za mababu.

Kisa chenyewe kinauma kidogo. Harry Johnston, mkubwa wa serikali ya Waingereza pale Uganda, aliwaokoa Wambuti kadhaa ambao Mjerumani mmoja aliwateka ili akawaonyeshe Paris kwenye maonyesho ya 1900, akawarudisha kwao, na walipoulizwa habari za huyo mnyama wakamweleza vizuri tu. Kule msituni akaonyeshwa na nyayo, ila kwato zilikuwa zimegawanyika mbili kama za ng'ombe, na yeye kichwani ameshaamua anatafuta jamii ya farasi, basi akaona wenyeji wanamdanganya, hakuzifuata. Vipande vya ngozi alivyopeleka London vikapewa jina Equus johnstoni, yaani farasi! Mpaka ilipokuja ngozi nzima na mafuvu ndo ikajulikana ni ndugu wa twiga, na kwato ni mbili kweli. Waliosema ukweli tangu mwanzo ni wenyeji, halafu jina lililobaki ni la Johnston: Okapia johnstoni.

Sasa walimjuaje hivyo? Ituri imefunga, mbele huoni mbali, na okapi anatembea peke yake na yale masikio makubwa anakusikia kabla hujamfikia. Kwa hiyo unamjua kwa alama, njia anazozirudia, majani aliyovuta kwa ulimi, nyayo kwenye tope. Na elimu hii haikai kwa wazee peke yao, maana kwenye uwindaji wa nyavu familia nzima inaingia, wanaume wanasubiri nyavuni, akina mama na watoto wanaswaga wanyama kwa kelele, so mtoto anausoma msitu akiwa bado mdogo kabisa.

Hifadhi ya Okapi ilianzishwa 1992, na Wambuti bado wanaishi humo. Wachimba dhahabu na vikundi vya silaha vimewabana sana, na mwaka 2012 waasi walivamia kituo cha Epulu wakaua watu na okapi 14 waliokuwa wakitunzwa pale. Lakini watafiti wakiingia msituni leo, anayetangulia mbele kuangalia nyayo mara nyingi ni Mmbuti, na safari hii wanamfuata.