Carl Vinson hakuwa mpanda milima

Nimeisoma tena, safari hii katika makala ya vilele saba vya mabara: eti Vinson, mlima mrefu kuliko yote Antaktika, wenye mita 5,140, umepewa jina la mvumbuzi aliyeupanda kwanza. Kazi yangu ni kuchora ramani, na sentensi hiyo imenichosha.

Vinson alikuwa mwanasiasa wa Georgia, Marekani, aliyekaa katika Baraza la Wawakilishi tangu 1914 hadi 1965 na kuunga mkono safari za Antaktika. Ndege ya jeshi la wanamaji la Marekani iliuona mlima Januari 1958, na kundi la wapanda milima la Nicholas Clinch likawa la kwanza kufika kileleni, Desemba 1966. Hilo limekwisha.

Kinachonikera hasa ni kuchanganya Vinson Massif na Mount Vinson. Massif ni bonge zima, kama kilomita 21 kwa 13, lililobeba vilele kadhaa. Mount Vinson ni kile kirefu tu. Sisi tunaoijua Kilimanjaro hatuna udhuru: Kibo ni Kibo, Mawenzi ni Mawenzi, vyote vimo ndani ya Kilimanjaro. Kamati ya Marekani inayoshughulikia majina ya Antaktika ilivitenganisha Novemba 2006, ila ramani za kabla ya hapo bado zinazunguka, na watu wananakili. Tena kule hakuna mamlaka moja ya majina. Chile inadai eneo hilo, Wamarekani ndio waliotoa jina, na sehemu nyingi za Sentinel, safu ya milima ambamo Vinson imo, zina majina waliyoyatoa Wabulgaria. Kamati ya kimataifa ya utafiti wa Antaktika, SCAR, hukusanya majina ya nchi zote katika orodha moja, haimwamulii mtu.

Kuhusu urefu, 5,140 ni hesabu ya miaka ya 1950. Upimaji wa 1979 ulitoa 4,897, na GPS ya 2004 ikatoa 4,892. Naitumia hiyo ya mwisho, lakini siapi kwa kila mita. GPS hupima kutoka umbo la dunia la kihesabu. Ili upate urefu kutoka usawa wa bahari unahitaji vipimo vya nguvu ya uvutano, na Antaktika vipimo hivyo ni haba. Tena kileleni kuna theluji, ambayo haikai kimo kimoja. Kwa hiyo ukiandika 4,892, andika na mwaka 2004 pembeni.