Jimbo si la wanaume: dhana potofu kuhusu viti maalum

Katika kazi yangu ya uwakili hapa Mbeya huwa ninawashauri wanawake wanaotia nia ya ubunge, wengine wakitoka Tukuyu, wengine Makambako, na karibu kila mmoja huja na kauli ileile aliyoambiwa na wazee wa chama chake: kwamba jimbo ni la wanaume, kwa kuwa wanawake wameshatengewa viti vyao maalum Bungeni. Nimechoka kuisikia, kwa sababu haina msingi wowote wa kisheria.

Ibara ya 67 ya Katiba ya Tanzania inamtaka mgombea awe raia aliyetimiza miaka 21, ajue kusoma na kuandika kwa Kiswahili au Kiingereza, na awe amependekezwa na chama cha siasa, jinsia haitajwi. Ibara ya 66 nayo inataka wabunge wa viti maalum wasipungue asilimia 30 ya wabunge wa makundi mengine, maana yake hesabu yao iko kando ya majimbo, na mwanamke anayeshinda jimbo hampunguzii mwenzake kiti. Jambo hili nalisisitiza kuliko yote, kwani nimewaona wanawake hodari wakiacha fomu ya jimbo kwa kuogopa kuitwa walafi. Mifano tunayo nyumbani: Anne Makinda, aliyeingia Bungeni mwaka 1975, alishinda Njombe Kusini mwaka 1995 na kuwa Spika mwaka 2010, na Jesca Msambatavangu alishinda Iringa Mjini mwaka 2020. Halima Mdee, ingawa si wa Nyanda hizi za Juu Kusini, alianzia viti maalum mwaka 2005, kisha akachukua jimbo la Kawe, Dar es Salaam, mwaka 2010.

Tofauti ya nafasi hizi si ndogo. Mbunge wa jimbo ana Mfuko wa Jimbo, yaani fedha za kuchochea maendeleo ya jimbo lake, wa viti maalum hana. Wote wawili hupoteza ubunge wakikoma kuwa wanachama wa chama chao, lakini wa jimbo anaweza kurudi kwa wananchi katika uchaguzi mdogo, ilhali kiti maalum hujazwa na chama kilekile. Kwa hiyo aliyepata viti maalum namshauri achague jimbo lake ndani ya miaka miwili ya kwanza, aanze kuhudhuria mikutano ya kata, kabla wajumbe wa chama hawajamzoea kama mama wa viti maalum.

Wengine husema viti hivi hutolewa na Rais. Sivyo: hugawanywa kwa uwiano wa kura za ubunge miongoni mwa vyama vilivyofikisha asilimia 5 ya kura hizo. Rais ana nafasi zake 10 za kuteua wabunge, na ndiyo njia aliyoingilia Dkt. Tulia Ackson mwaka 2015, kabla ya kushinda Mbeya Mjini mwaka 2020.

Si kweli pia kwamba mbunge wa viti maalum hawezi kuwa waziri. Anachozuiwa, kwa Ibara ya 51, ni uwaziri mkuu, ambao ni wa mbunge wa jimbo peke yake.