Sheldrick asubuhi, Shimoni alasiri: namna ninavyoipanga siku moja Kwale

Watu hunitumia ujumbe wakitaka safari ya siku moja yenye maporomoko na bahari. Hutaja tarehe, idadi yao na bei waliyoiweka kichwani. Mimi huwajibu baada ya kutazama mwezi uko tarehe ngapi, na hapo wengine hudhani nimeingia uganga.

Kazi yangu ni kuongoza wageni Pwani ya Kusini ya Kenya. Safari ninayoulizwa zaidi ni ya kwenda Maporomoko ya Sheldrick asubuhi, ndani ya hifadhi ya Shimba Hills, kisha alasiri kuteremka hadi mji mdogo wa Shimoni na, bahari ikikubali, kuvuka hadi Wasini. Kwenye ramani yote hayo yako kaunti moja ya Kwale, na mtu hudhani shida ni gari na mafuta tu. Ukweli ni kwamba siku hii huendeshwa na maji, ya mlimani na ya baharini, na kila moja lina kalenda yake.

Huanza na bahari, kwa kuwa haibembelezwi. Maji hujaa na kupwa mara mbili kwa siku, na kila siku huchelewa kwa wastani wa dakika 50 hivi. Hesabu ya wavuvi ni ya mwezi mwandamo: mwezi mosi na mwezi kumi na tano maji hujaa mnamo saa kumi jioni, na saa nne asubuhi yanakuwa yamekupwa. Hilo ndilo bamvua, na tofauti ya kina kati ya kujaa na kupwa inaweza kukaribia mita 4. Mwezi ukifika saba au nane, na tena ishirini na mbili, huwa ni maji mafu, bahari haipandi sana wala haitoki mbali.

Kwangu mimi siku tamu ni mwezi kumi na tatu hadi kumi na saba, na zile za mwezi kuandama. Saa nne asubuhi, maji yakiwa nje kabisa, sisi tuko msituni na hayatuhusu. Tukifika Shimoni saa nane yanapanda, nahodha ana nafasi ya kupita popote. Siku zinazonitoa jasho ni mwezi tano, sita, au ishirini, ambapo maji yanakupwa kati ya saa saba na saa nane, palepale tunapowasili. Boti ya injini haiwezi kusogea karibu na ukingo kila mahali, na mgeni mwenye mtoto mgongoni hafurahii kutembea juu ya mawe makali ya matumbawe. Siku kama hizo nageuza ratiba: tunakula kwanza, tunaingia mapangoni, boti inakuwa ya mwisho.

Na hapa niseme wazi jambo linalonikosanisha na wauzaji wa safari wa ufukweni. Wako wanaokuahidi maporomoko, pomboo na kupiga mbizi Kisite, vyote siku moja. Kisite-Mpunguti ni hifadhi ya baharini nje ya Wasini, na wakati wake ni asubuhi, upepo ukiwa bado mpole. Msimu wa kusi, yaani upepo wa kusini, hasa Juni hadi Agosti, mchana huko nje bahari huchafuka ukatamani nchi kavu. Msitu nao wakati wake ni asubuhi. Asubuhi ni moja. Ukitaka pomboo, panga siku nyingine nzima na uiache Shimba Hills. Mlango wa bahari kati ya Shimoni na Wasini umekingwa na kisiwa chenyewe, ndiyo maana kuvuka huko hata alasiri si taabu.

Sasa mlima. Kutoka Diani tunaondoka saa kumi na mbili na nusu, tunapita Ukunda hadi Kombani, kisha tunakunja kushoto na kuanza kupanda kuelekea mji wa Kwale. Vilima vya Shimba vinafika mita 400 na zaidi juu ya usawa wa bahari, tena karibu sana na pwani. Upepo wa bahari ukivigonga hupanda ghafla, hupoa, na unyevu wake hugeuka ukungu na mvua. Juu huko asubuhi mtu wa Mombasa huomba sweta. Jiwe la chini ni la mchanga uliogandamana enzi za kale mno. Hunywa mvua hiyo na kuitoa polepole kwa chemchemi. Chemchemi za Marere, zilizo kwenye vilima hivi, zimekuwa zikipeleka maji Mombasa kwa mabomba tangu enzi za ukoloni. Maporomoko tunayoyafuata ni tawi dogo la hesabu hiyohiyo.

Mjini Kwale husimama kwa mahamri na mbaazi. Usiruke kituo hiki, ndani ya hifadhi hakuna duka.

Kiingilio cha KWS, shirika la serikali linalosimamia wanyamapori, hulipwa mtandaoni kwa eCitizen, jukwaa la malipo la serikali, na vizuri ukilipe usiku wa kuamkia safari, mtandao ukiwa na nguvu. Njoo na kitambulisho, maana Mkenya, mkazi na mgeni wa nje hawalipi sawa. Pale getini ndipo utakapojua kama mwongozaji wako ni mwongozaji kweli: ana leseni ya Mamlaka ya Udhibiti wa Utalii, gari lake lina bima ya kubeba abiria wa kulipa, na maafande wa zamu anawasalimu kwa majina.

Tunaendesha hadi Elephant Hill, na kuanzia hapo ni miguu, kama kilomita 2 za kuteremka hadi maporomoko. Askari wa KWS mwenye bunduki hutangulia. Wageni huiangalia bunduki wakadhani ni ya maonyesho. Shimba Hills ina ndovu wengi kwa ukubwa wake, wengi hata mwaka 2005 KWS iliwahamisha zaidi ya mia moja hadi Tsavo Mashariki. Nyati wapo pia, na nyati hana subira ya ndovu. Kwa hiyo tunatembea mstari mmoja, sauti chini, na afande akiinua mkono tunasimama bila kuuliza. Anasikiliza matawi yanayovunjika na anatafuta mavi mabichi. Ukimwomba kwa heshima wakati mmepumzika, atakuonyesha alichokiona.

Kabla ya kushuka, macho yako yawe kwenye mbuga ya wazi. Kundi la pekee la palahala, aina ya swala mkubwa, katika Kenya yote liko hapa. Dume ni mweusi tii, tumbo jeupe, pembe zimepinda kwenda nyuma kama jambia. Majike na watoto ni wa rangi ya kahawia. Wageni wengi waliozoea Maasai Mara humpita bila kusimama kwa sababu hawajamwona kwenye matangazo. Mimi husimamisha gari hata kama tumechelewa.

Mavazi yana sababu pia. Mbung'o wapo, na wanapenda rangi ya buluu na nyeusi. Ndiyo maana mitego yao hushonwa kwa vitambaa vya rangi hizohizo. Ukija na jinzi ya buluu na fulana nyeusi umejitundika mwenyewe. Vaa kaki, kijani au kijivu, suruali ndefu, na viatu vyenye soli inayoshika. Maji ya kunywa lita moja na nusu kwa kila mtu, kwa ajili ya kurudi zaidi kuliko kwenda.

Maporomoko yenyewe yana urefu wa mita 21. Yamepewa jina la David Sheldrick, aliyekuwa mlinzi mkuu wa kwanza wa Tsavo Mashariki. Mwenye kutarajia Victoria Falls atasikitika, na huwa nawaambia hivyo kabla hawajalipa. Hapa ni pazia jembamba la maji linaloshuka ukuta wa mwamba uliofunikwa na mimea, chini kuna dimbwi baridi, na baada ya kutembea kwenye jua ubaridi ule hukufikia kabla hujaona chochote. Baada ya masika, Mei na Juni, maji yamejaa na mngurumo wake unasikika mapema. Novemba, vuli ikiwa imenyesha, ni pazuri pia. Februari na Machi hupungua, lakini njia huwa kavu na wazee hutembea kwa raha zaidi, kwa hiyo sikatazi mtu.

Kuoga kunaruhusiwa afande akiridhika. Mawe ya pembeni yana utelezi, na mvua ikiwa imenyesha usiku maji hugeuka ya udongo na kuficha kina. Akisema hapana, sipigi debe.

Kupanda kurudi ndiko kunakowaumbua vijana wa mazoezi ya simu. Tunapumzika mara nyingi. Njiani kuna mimea ambayo mtaalamu wa miti anaweza kukaa nayo siku nzima. Shimba ina zaidi ya aina 1,100 za mimea, na baadhi hazipatikani nje ya ukanda huu wa pwani. Sehemu za msitu ni kaya za Mijikenda, makazi ya kale yaliyolindwa kwa miiko, na huko hatuingii. Baadhi ya kaya za pwani ziliingizwa katika Urithi wa Dunia wa UNESCO mwaka 2008. Anayetaka kuiona kaya aende Kinondo, karibu na Diani, ambako wenyewe wamekubali kupokea wageni na watamfunga kaniki kiunoni kabla ya kuingia.

Saa tano tunatoka getini. Barabara ya kusini hupita Ukunda, Gazi, Msambweni na mashamba ya miwa ya Ramisi, halafu njia panda ya Kanana ndipo tunapoelekea baharini. Gazi huwa ni akiba yangu. Tukichelewa sana msituni, tunaishia hapo: kina mama wa kijiji wana daraja la mbao ndani ya mikoko, na wanakijiji wa Gazi na Makongeni tangu 2013 wanauza hewa ya kaboni kwa mradi wa Mikoko Pamoja, fedha zikirudi kwenye maji na shule. Ni safari nzuri, na haijasongwa na watu.

Shimoni ni mji wa uvuvi wenye gati, mibuyu na magofu ya siku za Kampuni ya Kiingereza ya Afrika Mashariki. Wengi huja kwa sababu ya mapango. Jiwe lake ni matumbawe yaliyojengwa na bahari ilipokuwa juu kuliko leo, miaka kama 125,000 iliyopita, na maji ya mvua yakayeyusha chokaa yake hadi kukawa na vyumba chini ya ardhi. Ukitoka mlimani asubuhi utaona tofauti kwa mkono: lile la Shimba lina chembe za mchanga, hili la Shimoni lina alama za viumbe. Kiingilio hukusanywa na wanakijiji wenyewe, na mwenyeji wa pale ndiye anayekuongoza ndani. Mimi hukaa nyuma.

Wazee wa Shimoni husimulia kwamba watu walifungwa humu wakingoja majahazi, na vyuma vilivyobaki ukutani huonyeshwa mgeni. Mkataba wa Juni 1873 ulifunga soko la watumwa la Unguja na kukataza kuwasafirisha baharini, jambo lililoifanya biashara ijifiche kwenye pwani za namna hii; utumwa ulifutwa kisheria kwenye pwani yetu mwaka 1907. Masimulizi mengine yanasema mapango yalikuwa maficho wakati wa mashambulizi, na yapo maeneo ya kutambikia mpaka leo. Yote yanaweza kuwa kweli kwa nyakati tofauti. Ninachokichukia ni mwongozaji anayezima tochi ili watu wapige kelele, kisha anatoa idadi kamili ya watumwa waliopita hapo. Muulize ameitoa wapi.

Chakula, siku za kawaida, ni Wasini, na kiagizwe asubuhi kwa simu: samaki wa kupaka, wali wa nazi, kaa kama wamepatikana, na mwani uliopikwa kwa nazi, ambao wageni huukodolea macho kisha huomba tena. Mwani hulimwa na akina mama wa upande wa bara pia, kule Kibuyuni. Kisiwani hakuna gari hata moja. Hakuna mto vilevile, na kwa vizazi vingi Wavumba wa Wasini wamekunywa mvua waliyoikinga wenyewe. Kwa hiyo usioshe miguu ovyo kwenye mtungi wa mtu. Akina mama wana daraja lao la mbao linalopita katikati ya mawe marefu ya matumbawe, na siku za bamvua bahari huingia hadi chini ya mbao. Kijijini vaa nguo za heshima, na usimpige mtu picha kabla ya kumwomba.

Kuhusu bei, neno "kila kitu" likaguliwe. Liwe na gari na mafuta, kiingilio cha KWS, mapango, boti ya kwenda na kurudi, daraja la mbao na chakula. Boti ndiyo hupenda kusahaulika kwenye hesabu, na nahodha hukukumbusha mkiwa tayari Wasini. Maboya ya kuvaa yahesabiwe kabla ya kung'oa nanga, na watoto wapate ya saizi yao.

Tunaondoka Shimoni saa kumi na nusu, saa kumi na moja ikizidi sana. Wa Diani hufika kwao jua likiwa linazama. Wa Mombasa wanaoshika treni ya saa nne usiku siwapitishi Likoni, foleni ya feri jioni haina mwenyewe. Tunashika barabara ya Dongo Kundu, inayotutoa upande wa Miritini, karibu na stesheni. Nguo za kubadilisha ziwekwe juu kabisa ya begi, kwani kuna chumvi ya bahari na tope la Shimba, na behewa lina kiyoyozi kikali.