LSU ya 2019: yanayosemwa vijiweni na yaliyotokea uwanjani

Ukianzisha ubishi kuhusu timu bora kuwahi kutokea katika futiboli ya vyuo vya Marekani, ule mchezo wa kurusha na kukimbia na mpira mkononi, LSU ya 2019 lazima itajwe. Chuo Kikuu cha Louisiana State, cha mjini Baton Rouge, kilicheza mechi 15, kikashinda zote, kikafunga pointi 726, na tarehe 13 Januari 2020 kikaichapa Clemson 42-25 katika fainali iliyochezwa New Orleans. Kwa saa za Afrika Mashariki ilikuwa tayari alfajiri ya tarehe 14, saa kumi, mpira ulipoanza. Wengi wetu tukaujua msimu ule kupitia vipande vya video vya kesho yake, na vipande vile vilimpenda mtu mmoja tu: Joe Burrow, kotabeki, yaani mrusha pasi mkuu wa timu, akivuta sigara nene ya ushindi kwenye chumba cha kubadilishia nguo. Dhana nyingi potofu zimezaliwa hapo.

"Ni mashindano ya wanafunzi tu."

Anayesema hivi anawaza bonanza la vyuo. Uwanja wa Benjamin Mkapa, Dar es Salaam, unaingiza watu 60,000. Tiger Stadium, ambao ni mali ya chuo, unaingiza 102,321. Wachezaji kweli walikuwa wanafunzi, na wakati huo kanuni za NCAA, chombo kinachosimamia michezo ya vyuo, ziliwaruhusu kupata ufadhili wa masomo na mahitaji yake, basi. Ruhusa ya kuingiza pesa kwa majina yao ilikuja Julai 2021. Ndiyo maana Odell Beckham Jr., aliyewahi kuichezea LSU, alizua balaa alipoonekana akiwagawia vijana noti uwanjani baada ya fainali. Chuo kikaishia kumpiga marufuku kukanyaga maeneo ya timu kwa miaka miwili. Majira yaleyale kocha mkuu, Ed Orgeron, alipewa mkataba mpya wa miaka sita wenye thamani ya dola milioni 42. Haki ya hesabu hiyo mimi bado sijaiona.

"Burrow alikuwa garasa lililotupwa na Ohio State."

Simulizi tamu, lakini haina ukweli mwingi. Mwaka 2014, akiwa sekondari, Burrow alitangazwa mchezaji bora wa jimbo zima la Ohio. Baba yake alikuwa kocha wa ulinzi katika chuo kikuu cha mji wa Athens, jimboni humohumo, kwa hiyo kijana alikua akisikia habari za mbinu mezani. Ohio State walimchukua, akakaa benchi akisubiri zamu, na Agosti 2017 akavunjika mkono mazoezini. Dwayne Haskins, kotabeki mwenzake, akapenya. Mwaka 2018, shahada ikiwa tayari mkononi, Burrow akahamia Louisiana.

Wanaosema aliibuka ghafla huwa wanauruka msimu wake wa kwanza pale. Mwaka huo wa 2018 LSU ilishinda mechi 10 na kupoteza 3, naye akarusha yadi 2,894 na pasi 16 za tachidauni, ile ya pointi sita. Hizo ni namba za mchezaji wa kuaminika. Hazikuwa namba za kutisha, na hata wataalamu hawakudhani angefika mbali sana. Kisha ukaja 2019: yadi 5,671, pasi 60 za tachidauni, na 6 tu zilizonyakuliwa na wapinzani. Rekodi iliyokuwepo, pasi 58 za Colt Brennan wa Hawaii, ilikuwa imedumu tangu 2006. Kura za tuzo ya Heisman, ya mchezaji bora wa vyuo, zilimpa ushindi wa tofauti kubwa kuliko wote katika historia ya tuzo hiyo. Aliposimama jukwaani kuipokea, akawataja watoto wa kwao Athens wanaorudi nyumbani bila chakula mezani, na ndani ya siku chache michango kwa ghala la chakula la huko ikavuka dola nusu milioni.

"Joe Brady ndiye aliyebuni kila kitu."

Hii ndiyo dhana inayorudiwa zaidi, na inaniudhi kuliko zote kwa sababu nusu yake ni kweli. Brady alitua LSU mwanzoni mwa 2019 akiwa na miaka 29, akitokea New Orleans Saints, timu ya ligi ya kulipwa ya NFL, na akakabidhiwa mpango wa pasi. Kwa miaka mingi LSU ilikuwa timu ya kukimbia na mpira katikati ya msongamano, mtindo wa kutumia mabavu ambao wapinzani wao Alabama waliujua kama kiganja cha mkono wao. Brady alisaidia kuwatawanya wapokeaji watano uwanja mzima, wakati mwingine bila kumwacha hata mtu mmoja nyuma ya Burrow. Mlinzi akawa hajui amkabe nani. Tuzo ya Broyles ya kocha msaidizi bora akaipata, na aliistahili.

Lakini mratibu wa mashambulizi hakuwa yeye. Alikuwa Steve Ensminger, mzee aliyekuwa kotabeki wa LSU hiyohiyo miaka ya 1970. Cheo kilikuwa chake. Mzee huyu angeweza kabisa kumwonea wivu kijana aliyeletwa kumbadilishia mambo, akamwekea vigingi. Alichofanya ni kukaa naye chumba kimoja wakapika mpango pamoja. Jambo hilo ni adimu katika benchi la ufundi lolote, hata huku kwetu tunalijua. Tarehe 28 Desemba 2019, saa chache kabla ya nusu fainali dhidi ya Oklahoma mjini Atlanta, ndege ndogo ilianguka Lafayette, Louisiana, na mke wa mwanawe Ensminger, aliyekuwa akienda kuitazama mechi hiyo, akafariki. Ensminger alipata habari, akabaki kazini. LSU ilishinda 63-28, na Burrow akarusha pasi saba za tachidauni kabla ya mapumziko. Ukisikia mtu anasimulia mechi ile bila kumtaja Ensminger, ujue amesimuliwa.

Na wapo wengine wasiotajwa. Safu ya mbele, wale majitu wanaomkinga kotabeki asiangushwe, ilitwaa tuzo ya Joe Moore kama safu bora nchini. Bila wao Burrow asingepata muda hata wa kuinua kichwa. Wapokeaji walikuwa Ja'Marr Chase, mwenye yadi 1,780 na tachidauni 20, na Justin Jefferson, aliyedaka pasi 111. Clyde Edwards-Helaire, kijana wa hapohapo Baton Rouge, alikimbia yadi 1,414.

"Alabama walifungwa kwa kuwa Tua alikuwa majeruhi."

Hapa watu wanachanganya tarehe. LSU ilikuwa imepoteza mara nane mfululizo mbele ya Alabama, ikiwamo fainali ya Januari 2012 iliyoisha 21-0. Tarehe 9 Novemba 2019 wakaenda kwao, Tuscaloosa, wakashinda 46-41. Tua Tagovailoa, kotabeki wa Alabama, alicheza. Kifundo chake cha mguu kilikuwa kimefanyiwa upasuaji Oktoba, hilo halina ubishi, lakini siku ile alirusha yadi 418 na pasi nne za tachidauni. Jeraha la nyonga lililomaliza msimu wake lilimpata wiki moja baadaye, dhidi ya Mississippi State. Kilichowaua Alabama ni kipindi cha kwanza, walipokwenda mapumziko wakiwa nyuma 33-13, na Edwards-Helaire, aliyewafunga tachidauni nne peke yake.

"Ulinzi haukuwepo."

Mpaka katikati ya Novemba dhana hii ilikuwa na mashiko. Texas walifunga 38, Vanderbilt 38, Alabama 41, Ole Miss 37. Ila msimu uliendelea. Texas A&M wakapata 7, na Georgia, kwenye fainali ya SEC, ukanda wa vyuo ambamo LSU inacheza, wakaambulia 10 dhidi ya 37. Katika fainali kuu Clemson walitangulia 17-7, na walikuwa hawajapoteza mechi 29 mfululizo. Kuanzia hapo wakapata pointi nane tu hadi mwisho. Kotabeki wao, Trevor Lawrence, alikamilisha pasi 18 kati ya 37 bila hata moja ya tachidauni. Burrow alirusha tano usiku ule na kukimbia na ya sita, kwa hiyo nani angeangalia upande wa pili? Derek Stingley Jr., aliyekuwa mwaka wa kwanza tu chuoni, alinyakua pasi sita msimu mzima. Grant Delpit alipata tuzo ya Jim Thorpe ya mlinzi bora wa nyuma.

"Walikuwa wa kwanza kumaliza 15-0." Hapana. Clemson walifanya hivyo msimu mmoja kabla, 2018. Mashabiki wa LSU wangefanya vyema kujivunia jambo jingine: walizifunga timu saba zilizokuwa ndani ya kumi bora siku walipokutana nazo. Hoja ya ubora ipo hapo, na kwangu inatosha kuwaweka juu ya Clemson ile.

"NCAA iliwafutia ubingwa."

Mwaka 2023 kweli LSU ilifutiwa ushindi wa mechi 37, lakini ni za misimu ya 2012 hadi 2015, enzi za kocha Les Miles, kwa sababu ya mchezaji ambaye familia yake ilipokea fedha zisizoruhusiwa. Ubingwa wa 2019 upo palepale, pamoja na ule wa 1958, 2003 na 2007.

"Orgeron alikuwa amejenga himaya."

Himaya ina kesho. Aprili 2020 wachezaji 14 walichaguliwa na timu za NFL, watano katika raundi ya kwanza, Burrow wa kwanza kabisa kwenda Cincinnati. Brady alikwenda Carolina Panthers. Dave Aranda, mratibu wa ulinzi, akawa kocha mkuu wa Baylor. Chase akaamua kutocheza msimu wa Korona. Septemba 2020 mabingwa wakafungua msimu nyumbani, katika uwanja wenye mashabiki wachache, na Mississippi State wakawarushia yadi 623, rekodi ya SEC, wakashinda 44-34. Mwaka ule uliisha kwa ushindi mara tano na vipigo vitano. Uliofuata ndio uliokuwa wa mwisho kwa Orgeron, miaka miwili tu baada ya New Orleans, na aliondoka na fidia ya takriban dola milioni 17.