Je, wajua? Kinachokukaba ukibana pumzi si upungufu wa oksijeni

Ufukweni Katonga, pale Kigoma, tulikuwa na shindano lisilo na zawadi. Unazama, unashika kamba ya nanga, wenzako wanahesabu kwa sauti. Wakongwe walikuwa na kanuni yao: kwanza hema haraka haraka mara 20 au 30 ujaze oksijeni, ndipo uzame. Na kweli ilifanya kazi. Kaka mmoja alikaa chini hadi tukaanza kuangaliana. Nikaondoka na imani iliyodumu hadi ukubwani: mtu hutamani hewa kwa sababu oksijeni imemwishia, na akijiwekea akiba atachelewa kuitamani.

Nilikosea mara mbili. Tuanze na hiyo akiba. Kwa mtu mwenye mapafu mazima anayepumua kawaida, damu inayotoka mapafuni imeshabeba oksijeni karibu yote inayoweza kubeba, asilimia 95 na kuendelea. Chukua dumu la mawese lililojaa hadi shingoni: umimine kwa pupa, umimine kwa upole, kitakachoingia ni kijiko. Tena hata hiyo tunayovuta hatuimalizi. Hewa inayoingia ina oksijeni asilimia 21 hivi, inayotoka bado ina 16 hivi, ndiyo maana kumpulizia mtu mdomo kwa mdomo kunaweza kumwokoa.

Kinachobadilika sana ukihema ni hewa ya ukaa, ile ambayo madaftari ya shule yaliiita kaboni dayoksaidi. Inaingia ikiwa asilimia 0.04, inatoka ikiwa kama 4. Mwili unaitengeneza muda wote, hata ukiwa usingizini, na lazima itolewe.

Fikiria mtumbwi wa mbao wa wavuvi wa dagaa. Uuzibe utakavyouziba, maji huingia kidogo kidogo usiku kucha, na yupo kijana ambaye kazi yake ni kuyakumba kwa kopo. Kijana huyu haangalii tangi la injini limebakiwa na mafuta kiasi gani. Anaangalia maji miguuni. Yakifika kwenye vifundo anaongeza kasi, yakishuka anapumzika. Ubongo nao uko hivyo hivyo. Hewa ya ukaa ikiyeyuka mwilini huleta asidi, na chini kabisa ya ubongo, unapokutana na uti wa mgongo, zipo seli zinazoionja asidi hiyo na kuamuru kopo liongezwe kasi. Mafuta ni oksijeni. Kopo ni kiwambo, ule msuli uliotandazwa kati ya kifua na tumbo, kwa kuwa mapafu yenyewe hayana msuli wa kujitanua (hilo nalo nilikuwa silijui). Mwaka 1905, wanasayansi wa Uingereza, Haldane na Priestley, walionyesha kuwa hewa ya ukaa ikipanda kidogo tu ndani ya mapafu, mtu hupumua maradufu.

Sasa rudi kwa kaka yetu. Alipohema mara 30 hakuongeza mafuta. Alikumba mtumbwi ukakauka. Akazama na tangi lile lile. Miguu haijaloa, kijana wa kopo kasinzia, mafuta yanaisha na hakuna anayepiga kelele. Mzamiaji wa namna hii anaweza kuzimia kabla hajatamani hewa hata kidogo. Kuibuka nako ni hatari: kila mita 10 za maji huongeza mgandamizo unaokaribia ule wa hewa yote iliyo juu yetu, na huo ndio unaosaidia oksijeni iliyobaki kuingia kwenye damu. Akikaribia juu, msaada huo unaondoka. Kaka aliibuka akicheka, tukampigia makofi.

Oksijeni nayo ina mlinzi wake, tusimnyime haki. Yuko shingoni, kwenye mishipa mikubwa inayopeleka damu kichwani. Ila huchelewa kupaza sauti, mpaka oksijeni iwe imeshuka vya kutosha, na hana nguvu sawa kwa kila mtu.

Jiko la mkaa kwenye chumba kilichofungwa huwapita walinzi wote wawili. Kaboni monoksaidi, gesi inayotoka kwenye mkaa huo, hukalia viti vya oksijeni ndani ya damu bila kupandisha hewa ya ukaa. Mtu anaumwa kichwa, anasinzia, haamki. La kushangaza zaidi, kile kifaa cha kubana kidoleni hospitalini, cha kupimia oksijeni ya damu, nacho hudanganyika: kinaona viti vimejaa, hakijui aliyekaa ni nani.

Kuna madaktari waliowahi kudanganyika vivyo hivyo bila kifaa chochote. Copenhagen, mji mkuu wa Denmark, mwaka 1952, polio ilipooza misuli ya kupumulia ya watu wengi, na katika wiki za mwanzo, kati ya wagonjwa 31 waliowekwa kwenye mashine za wakati huo, 27 walikufa. Oksijeni walikuwa wakipewa, na rangi ya ngozi ilikuwa nzuri. Daktari wa usingizi, Bjørn Ibsen, ndiye aliyesema kwamba wamejaa hewa ya ukaa: mtumbwi unazama na tangi limejaa mafuta. Wakatobolewa koo, wakawekewa mpira, na mfuko wa hewa ukaminywa kwa mkono usiku na mchana. Wanafunzi wa udaktari kama 1,500 walipokezana. Vifo vikashuka kwa zaidi ya nusu.

Haya yote niliyaelewa nikimuuguza bibi, ambaye kifua chake kilichoka kwa miaka ya moshi wa kuni. Kifaa cha kidoleni kikasoma asilimia 97, tukapongezana. Nesi akaja, akapunguza oksijeni. Tukanuna. Akatuambia mgonjwa wa aina hii anatakiwa awe kati ya 88 na 92. Zamani ilifundishwa kwamba wagonjwa hawa wanamtegemea yule mlinzi wa shingoni, na oksijeni nyingi humlaza. Siku hizi hiyo inaonekana ni sehemu tu ya maelezo: oksijeni ikizidi, damu nyingi hupitia sehemu za mapafu zisizopata hewa vizuri, hewa ya ukaa ikashindwa kutoka, na ipi ina uzito zaidi bado wanabishana. Kumnyima kabisa, hata hivyo, kunaua upesi zaidi.

Kisha nesi akatazama saa yake, akahesabu kifua kikipanda na kushuka kwa dakika nzima. Hewa ya ukaa ikizidi mno huleta usingizi na kuvuruga akili, na kidole hakisemi lolote juu ya hilo. Akainama sikioni.

“Bibi, leo siku gani?”

“Alhamisi, mjukuu wangu. Si umeniuliza sasa hivi?”

Akaandika kwenye faili, akahamia kitanda cha jirani.